Andazi la Kufungulia

Mama yangu aliuza maandazi mbele ya nyumba yetu ya Ngamiani, Tanga, kwa miaka 13, na katika muda huo wote sikumwona hata siku moja akimkopesha mtu kabla hajapokea pesa ya kwanza ya asubuhi. Jirani akifika mapema akitaka kuchukua maandazi manne kwa ahadi ya kulipa jioni, alijibiwa kwa upole, "Bado sijafungua, mwanangu," ingawa meza ilikuwa imekwisha kutandikwa, karai liko motoni na sinia limejaa pomoni. Kufungua, kwa lugha ya wafanyabiashara, hakuhusiani sana na komeo la mlango. Mtu hufungua pale pesa ya kwanza ya siku inapomfikia mkononi, na mpaka hapo duka huhesabiwa kuwa limefungwa hata kama wateja kumi wamesimama wanatazama bidhaa.

Aliyeombewa dua na mtaa mzima awe wa kwanza kupita alikuwa mzee mmoja fundi wa baiskeli, ambaye kila alfajiri alitoka msikitini akaelekea kwenye kibanda chake cha kuziba pancha huku akikokota baiskeli yake mwenyewe, maana sikupata kumwona akiipanda. Watu walisema mkono wake una baraka. Alinunua andazi moja tu, kwa sarafu ya shilingi 20, na mama aliipokea sarafu ile kwa mkono wa kulia, akasema Bismillahi, akaigusisha kwenye ukingo wa meza mara tatu, kisha akaiweka peke yake chini ya kitambaa cha meza, ambako haikuruhusiwa kuchanganyika na nyingine mpaka jua litue. Ilinichukua miaka kadhaa kugundua kwamba mzee huyo alimfungulia pia muuza kahawa wa pembeni, na mama wa mihogo, na kijana wa magazeti, wote kwa kununua kitu kidogo ambacho mara nyingi hakukihitaji. Andazi letu alikuwa akimpa mwanafunzi wake wa ufundi, kwa sababu yeye mwenyewe daktari alikuwa amemkataza mafuta.

Siku moja nilimwuliza, "Babu, ni kweli mkono wako una baraka?" Aliendelea kukaza spoku kwa muda, akazungusha gurudumu ili aone kama linayumba, ndipo akanijibu: "Mjukuu wangu, mimi sijui. Lakini wao wanaamini, nami naona haya kuwaangusha."

Habari ya meza ile ilianzia kwenye mkonge. Baba alikuwa karani wa mizani katika shamba moja nje ya mji, na aliajiriwa akiwa kijana wakati ambapo mkonge ulikuwa bado ni utajiri unaoonekana kwa macho. Mwaka 1964 nchi ilizalisha takribani tani 230,000, na sehemu kubwa ya sifa hiyo ilikuwa ya mkoa wetu. Kisha nyuzi za nailoni zikaingia sokoni, bei ikaanguka, mashamba mengi yakataifishwa mwaka 1967, na zao likawa linapungua mwaka hadi mwaka mpaka mistari ya mkonge ikamezwa na vichaka. Baba alipopunguzwa kazini, alikaa barazani akisubiri habari kubwa: mwekezaji aliyesemekana yuko njiani, barua ya malipo, shamba kufufuka. Simlaumu, kwa kuwa mtu aliyepata kuona neema kubwa kwa macho yake huwa vigumu kumshawishi akae atazame sarafu. Mama, ambaye neema hiyo ilimpita kando tangu ujana wake, aliuza bangili mbili akanunua karai.

Kwa hiyo nimekua katika nyumba iliyokuwa na matumaini ya namna mbili chini ya paa moja, na nadhani ndiyo sababu nimekuwa mtu wa kuchunguza maneno tunayoyatumia kwa jambo hili. Kiswahili kimejaa maneno yake. Tuna bahati, ambayo asili yake ni Kiajemi, tuna sudi, riziki, kismati na baraka kutoka Kiarabu, tuna ngekewa, na yule anayefanikiwa katika kila analolishika tunasema amezaliwa na nyota ya jaha. Hata kuagana kwetu ni kuombeana heri. Tumewapa watoto wetu majina hayo hayo, na darasani mwetu waliketi Bahati, Baraka, Riziki, Neema na Sudi, na ninakumbuka kwamba Bahati ndiye aliyekuwa akichapwa zaidi.

Mama hakusoma zaidi ya darasa la nne, lakini maneno hayo hakuyachanganya. Bahati, kwake, ilikuwa mteja kupita kwenye meza yake badala ya kukata kona ya barabara nyingine. Riziki ilikuwa ile pesa iliyoandikwa kumfikia, na hiyo hakuna wa kuizuia wala wa kuiharakisha. Baraka ilikuja baadaye, usiku, pale pesa hiyo hiyo iliponunua unga wa kesho, mafuta, iliki na daftari langu, kisha ikabaki ya kununua chumvi. Mtu aweza kuwa na bahati nyingi na riziki nene akakosa baraka, naye alikuwa na mifano, ambayo mingine ilikuwa ndugu zake wa damu. Katika dua zake za alfajiri, nilizozisikia kupitia pazia, sikupata kumsikia akiomba utajiri. Aliomba unga uumuke, mvua isinyeshe kabla ya saa tatu, mtoto wa jirani aliyekuwa na homa apone, na chenji isimpige chenga. Nilipokuwa kijana niliona haya kwa niaba yake, nikidhani Mungu huchoshwa na maombi madogo kiasi hicho.

Zilikuwapo pia alama za kutazamiwa. Kiganja cha kulia kikiwasha, pesa inaingia; cha kushoto kikiwasha, inatoka. Usiku nyumba haifagiliwi, usije ukaisukumia nje baraka pamoja na takataka, na sindano haiuzwi baada ya jua kutua. Mtu akijikwaa kizingitini asubuhi, alirudi ndani akakaa kidogo ndipo akatoka upya. Sitajifanya kwamba naamini yote haya, wala sitajifanya kwamba nafagia usiku.

Katika hayo lililotisha zaidi lilikuwa chuma ulete. Wauzaji wengi wa Tanzania wanalifahamu: mteja analipa noti yake, nawe unaitia kwenye droo, kisha noti hiyo inaondoka kimyakimya kumrudia mwenyewe ikiwa imekokota na nyingine zako, na jioni ukihesabu unakuta mauzo hayalingani na sinia tupu. Kuna kipindi mama alipata upungufu wa namna hiyo kwa wiki tatu mfululizo. Majirani walimletea ushauri wa kila aina, na mmoja akamwelekeza aweke ndimu kwenye kopo la pesa. Mama aliiweka. Siku ya pili aliniita, akanikalisha kwenye kigoda, akanionyesha ile ndimu na kuniambia kwamba chuma ulete aliyekuwa akimsumbua ameacha alama ya vidole vyenye wino wa kalamu ya shule. Nilikuwa nimechukua shilingi 10 kila siku kwa ajili ya barafu za ukwaju. Hakunichapa. Alinitaka nihesabu mauzo mwenyewe kila jioni kuanzia siku hiyo, adhabu ambayo ilinitesa kuliko fimbo, na ambayo ndiyo iliyonifundisha kazi ninayoifanya leo.

Mama alikuwa na doti moja ya kanga aliyoivaa siku za biashara, nyekundu na nyeusi, yenye jina lisemalo JAPO SIPATI TAMAA SIKATI. Jina hilo ni la kale na limepigwa chapa mara nyingi kwa rangi mbalimbali, na wasomaji wa Mombasa, ambako nyumba ya Kaderdina Hajee Essak imekuwa ikiuza leso tangu mwaka 1887 kwa alama ya Mali ya Abdulla, huenda wanalo kabatini hata sasa. Kwa miaka mingi nililisoma kama mapambo. Nilipoanza kulitafakari ndipo nilipoona jambo linaloshangaza, kwamba tamaa isiyokatwa kwenye kanga ile ndiyo tamaa hiyo hiyo tuliyokatazwa na walimu wetu kwa methali ya "Tamaa mbele, mauti nyuma." Mtu mwenye tamaa ni mtu mbaya, na mtu aliyekata tamaa ni wa kuhurumiwa. Lugha ilikuwa na nafasi ya kutupatia maneno mawili, moja la ubaya na moja la uzuri, ikaamua kutuachia moja, kana kwamba inatuambia kila mmoja akapime mwenyewe ni kiasi gani kinamtosha.

Kipimo hicho nakiona kila siku kutoka dirishani pangu. Mbele ya duka langu vijana hukutana kila Jumamosi kujaza mikeka, kama wanavyoita karatasi za kubashiri mpira, na hesabu zao ni za kusisimua: kwa shilingi 500 na timu kumi na tano zikishinda zote, mtu anapata pesa za kujenga nyumba. Jumapili asubuhi utawasikia wakisimuliana jinsi mkeka ulivyochanika kwa timu moja tu, dakika ya mwisho. Ni timu moja tu kila wiki, na hilo moja ndilo linalowarudisha Jumamosi inayofuata. Wengi wao ni wachapakazi, na mmoja hunibebea karatasi kutoka stendi bila kunidai, kwa hiyo sina haja ya kuwahubiria. Ninachokiona tu ni kwamba kinachotumainiwa pale ni kikubwa mno kiasi kwamba hakuna kitu cha siku ya kawaida kinachoweza kukijibu.

Mama naye alikuwa na bahati nasibu yake, nayo ni upatu. Walikuwa wanawake 12, kila mmoja akitoa shilingi 1,000 kwa wiki, na mwanzoni mwa mzunguko kijumbe alikunja vikaratasi 12 vyenye namba, akavitia kwenye kawa, akavitikisa, kila mtu akachukua chake. Nilipelekwa mara nyingi kumchagulia mama, kwa kuwa mkono wa mtoto ulidhaniwa kuwa safi, na mara nyingi nilimchagulia namba za nyuma kabisa. Nilimletea namba 11 nikiwa nalia. Mama aliniuliza aliyepata namba 1 amepata nini, nikajibu kwamba amepata 12,000. "Amepata deni la 11,000," alisema, "atalilipa kila wiki mpaka liishe. Mimi nimepata kibubu kisichovunjika." Nakiri kwamba alikuwa akijituliza pia, kwa maana wiki ile ile alimwendea wa namba 4 kumbembeleza wabadilishane, ili pesa ziwahi ada ya Januari. Wa namba 4 alikubali, akasema nawe utanifaa siku nyingine, na mama akarudi nyumbani akiimba. Bahati ya upatu ni ya foleni: inaulizwa lini tu, kufika itafika, almuradi watu wote 12 wana haya ya kutosha ya kutokimbia.

Mimi sasa nina steshenari, chumba kimoja chenye mashine ya kutoa nakala, rafu ya madaftari na kiti cha mteja. Droo yangu haina ndimu. Hata hivyo, kila asubuhi nikishafagia nanyunyiza maji mlangoni, nawasha ubani kidogo, kisha nakaa kumngoja wa kufungua, na moyo wangu hudunda mtu anapopunguza mwendo nje kama ulivyodunda wa mama. Maombi yangu yamekuwa madogo kuliko yake: umeme usikatike wakati wanafunzi wanachapisha kazi zao, wino ufike mwisho wa mwezi, mteja wa barua ndefu asije dakika tano kabla ya kufunga.

Jana aliingia kijana mmoja saa moja na nusu, amevaa shati lililopigwa pasi vizuri, akataka nakala moja ya kitambulisho chake kwa ajili ya usaili wa kazi. Nakala ni shilingi 200. Alikuwa na noti moja ya 10,000, ambayo nadhani ndiyo aliyopewa ya nauli na chakula, nami nilikuwa sijafungua, droo haina hata senti, na jirani wa kunivunjia alikuwa bado hajafika. Tulitazamana. Nilisikia wazi sauti ya mama ikisema bado sijafungua, mwanangu. Kijana akaangalia saa ya simu yake, akasema, "Shikamoo mama, samahani, naomba nikuletee nikirudi." Shikamoo hiyo alikuwa amesahau kuitoa alipoingia, na ilikuja pamoja na kijasho cha usoni.

Nilimpa nakala mbili, moja ya akiba, maana kwenye usaili huwa wanataka na ya pili. Akashukuru, akatoka mbio, na baada yake nilikaa mpaka saa nne na robo bila mtu yeyote kuingia, nikiwa na muda wa kutosha wa kujilaumu. Ndipo akaja mwalimu mmoja na mitihani ya kurasa nne ya wanafunzi 60, kisha mama wa kununua bahasha, kisha umeme ukakatika.

Shilingi 200 zake sijaziona bado. Nimemwombea apate kazi hiyo, na nimeomba vilevile kwamba, akiipata, ofisi yao iwe haina mashine ya nakala.