Kodiani ya vitufe kumi ilivyonitoa jasho Rotterdam

Nimeambiwa mara nyingi kwamba mtu akishaijua kodiani moja amezijua zote. Si kweli, na aliyeniambia hivyo kwa uhakika mkubwa alinigharimu miezi minane na pesa ambazo sikuwa nazo.

Mimi ni mtu wa Tanga, Rotterdam ni mwaka wangu wa 12. Kodiani nimeikuta nyumbani. Mjomba wangu alipiga katika kikundi cha taarab, ile kubwa yenye vibao vya piano upande wa kulia. Kazi yangu utotoni ilikuwa kuifuta vumbi, na yeye akilala mchana nilikuwa naipiga polepole chini ya mwembe. Kwa hiyo niliposikia kuna bendi hapa mjini inapiga Cajun na zydeco, miziki ya kodiani ya watu wa Louisiana, Marekani, wanaoimba kwa Kifaransa, na mpiga kodiani wao ameondoka, nilikwenda bila hofu. Walikuwa watano: fidla, gita, besi, ngoma, na dada mmoja aliyevaa frottoir, yaani kizibao cha bati lenye mifuo, unakikwaruza kifuani kwa vijiko au vifungulia chupa. Waholanzi wanne na Mbelgiji mmoja, hakuna aliyezaliwa karibu na Louisiana, lakini mapenzi yao kwa muziki ule ni ya kweli.

Upande wa zydeco sikupata shida. Clifton Chenier mwenyewe, aliyezaliwa karibu na Opelousas mwaka 1925 na kuitwa mfalme wa zydeco, alipiga kodiani ya vibao vya piano kama ya mjomba. Vidole vya taarab vilitosha. Nilipunguza madoido, nikaongeza ukali, bendi ikafurahi.

Ila nusu ya nyimbo zao ni za Cajun, walsi na zile za hatua mbili, na huko kodiani kubwa inakaa kama kanzu ya harusi shambani. Inajua mambo mengi mno. Ile ya Cajun ni kisanduku kidogo chenye safu moja ya vitufe 10, na kila kitufe kina sauti mbili: ukisukuma mvukuto inatoka moja, ukivuta inatoka nyingine. Iliyopangwa kwenye C, yaani C ndiyo do yake, ukisukuma unapata C, E na G. Ukivuta unapata D, F, A na B. Mkono wa kushoto una vitufe viwili tu, besi na kodi yake, yaani noti kadhaa zinazolia pamoja. Nusu-sauti hazimo kabisa. Mtu aliyekulia kwenye taarab anaposikia hivyo anaona amefungwa mikono.

Sasa nifike kwenye ushauri. Bwana mmoja anayejiita fundi wa vinanda aliniambia: nunua yoyote ya vitufe, kama sauti si yenyewe utaishusha kwa tupa. Nikaenda soko la mitumba, nikapata ya Kijerumani ya safu moja, euro mia na kitu hivi. Nzuri, mbao nyeusi, mvukuto hauvuji. Lakini ilikuwa kwenye D, sauti nzima juu ya C, na bendi inapiga kwenye C. Nikaamini maneno ya yule bwana.

Ndani ya kodiani kuna ndimi za chuma, nyembamba kama ukucha, zimebandikwa kwa nta kwenye vipande vya mbao. Yangu ilikuwa na seti mbili, maana yake ndimi 40 za kushusha, ukiacha za besi. Ukikwangua ncha ya ulimi, sauti inapanda. Ukikwangua karibu na pale ulipofungwa kwa ribiti, inashuka. Hilo ni kweli na linafanya kazi kwa marekebisho madogo, pale sauti imepotea kidogo tu. Mimi nilitaka kushusha sauti nzima.

Nilifunga mlango wa jikoni Jumamosi asubuhi. Nikatandika gazeti, nikapitisha kipande cha wembe chini ya ulimi wa kwanza ili usipinde, nikaanza kukwangua. Napiga, napima kwa simu, nakwangua tena. Ulimi wa kwanza ulichukua karibu saa nzima na ukafika. Wa pili ukafika. Wa tatu ukafika, ila ulikuwa na sauti ya mtu mwenye mafua. Nilijiona nimeshinda. Nikachemsha chai, nikarudi kwenye wa nne, nikakwangua pale kwenye ribiti, na nikasikia kitu kidogo sana: tik. Ulimi ulikuwa umelala kwenye gazeti, umekatika. Nikasema ni bahati mbaya, nikaendelea. Wa tano ukakatika. Wa sita haukukatika siku ile. Ulisubiri mazoezi ya Jumanne ukakatikia katikati ya walsi, mbele ya wote.

Mpiga fidla, mzee mpole sana, akaichukua kodiani akaitazama. Akaniuliza kwa nini sikumwambia. Fidla za Cajun, akasema, hulegezwa nyuzi zote sauti nzima ili ziende na kodiani ya C. Ningekuja na ile ya D, yeye angezirudisha nyuzi mahali pake pa kawaida, vidole vyake vikabaki vilevile, na mwimbaji angepanda kidogo. Mambo ya dakika tano. Nililia njia nzima ndani ya tramu. Kwa hiyo wewe unayetaka kuanza, ukipata ya D nzuri, chukua, kisha zungumza na mtu wa fidla kabla ya kugusa chochote.

Ya pili nilinunua kwa mtu aliyeacha kupiga, elfu mbili kasoro, kwa mafungu. Ilitengenezwa hukuhuku Ulaya kwa kufuata mtindo wa Louisiana. Zamani kule walitumia za Ujerumani. Vita vya pili vikakata njia, na baada ya vita Sidney Brown wa Lake Charles akaanza kuzitengeneza mwenyewe. Leo kuna mafundi wengi, na Marc Savoy alifungua duka lake katika mji wa Eunice mwaka 1966. Zina seti nne za ndimi na vishikizo vinne juu vya kuzifungua na kuzifunga. Hivyo vishikizo vimeniokoa kwenye fleti: nafunga vitatu, inabaki seti moja, na jirani wa juu anaendelea kulala. Hakuna aliyenifundisha hilo.

Lakini vidole bado vilikataa. Kwenye kodiani ya mjomba, kusukuma au kuvuta hakubadilishi sauti. Hapa kosa la mvukuto ni kosa la noti. Nilihesabu, nikaandika namba kwenye karatasi, nikabandika rangi. Hakuna kilichosaidia. Ikabidi nimpigie mjomba.

"Shikamoo, mjomba."

"Marahaba, mpwa wangu. Sauti yako imechoka."

Nikamweleza. Akaniambia nipige kidogo asikie. Akanyamaza, kisha akasema, "Unapiga kwa vidole. Hicho ni kifua. Weka chini, kiimbe kwa pumzi kwanza."

Hapo ndipo mambo yalipofunguka. Kwa wiki tatu sikuigusa karibu kabisa. Nilipokuwa ghalani kazini, napanga maboksi, niliimba nyimbo zile kwa pumzi: noti ya kusukuma natoa hewa, noti ya kuvuta naivuta ndani. Mara ya kwanza kichwa kilizunguka. Baada ya siku kumi mwili ulijua wimbo mzima bila mimi kufikiri, na niliposhika kodiani tena mikono ilifuata mapafu. Ndipo nikaelewa kwa nini muziki huu una ule mdundo wa kukata; wachezaji wanausikia mvukuto ukigeuka.

Jambo la pili lililonipotezea muda ni lugha. Nilishauriwa nijifunze kwanza Kifaransa sanifu. Nikalipia kozi ya miezi mitatu, nikatoka nikijua kuagiza kahawa Paris. Kifaransa cha Louisiana ni kingine. Gari ni *char*, kamba wa kula ni *chevrette*, "sasa" ni *asteur*. Ni sawa na mtu aliyefunzwa Kiswahili cha darasani tu akasimama kuimba utenzi wa Kiamu. Na lugha hii imeteswa: tangu katiba ya Louisiana ya 1921 shule zilifundisha kwa Kiingereza tu, na watoto waliadhibiwa kwa kusema Kifaransa cha nyumbani. Kukisahihisha kifanane na cha Paris naona ni kuwaadhibu tena. Nikaacha kozi, nikasikiliza rekodi za zamani, nikaandika maneno kwa tahajia ya Kiswahili jinsi ninavyoyasikia. Irabu zetu hazifichi kitu. *Les haricots*, maharage, niliandika "lezariko", na hapohapo nikaliona neno zydeco limesimama mbele yangu. Wengi wanaamini limetoka huko, kwenye usemi wa zamani kwamba maharage hayana chumvi, maana nyama ya chumvi ya kutia chunguni haikuwepo. Kwetu nani asiyejua maharage ya hivyo?

Onyesho la kwanza lilikuwa kwenye ukumbi wa kijiji Brabant, sakafu ya mbao, watu kama 80. Nilichagua wazee wawili, mume na mke, nikatazama miguu yao tu. Wakikaza, napunguza. Wakitelesha, nasukuma. Kwenye wimbo wa tatu ukumbi mzima ulikuwa unazunguka upande mmoja, na dada wa kizibao alinigeukia akicheka kwa furaha.

Wakati wa mapumziko bwana mmoja aliniuliza, bila ubaya nadhani, mwanamke wa Kiafrika ana nini na muziki wa Wafaransa. Nilimjibu kirefu. Waakadia, watu wa asili ya Kifaransa waliofukuzwa Nova Scotia, Kanada, na Waingereza kuanzia 1755, na ndio walioitwa Cajun, waliuleta upande wao, lakini Weusi wa Louisiana wameujenga pia. Nilimtajia Amédé Ardoin, mpiga kodiani, Mkrioli mweusi wa Louisiana, aliyerekodi nyimbo 34 kati ya 1929 na 1934, kadhaa akiwa na Dennis McGee, mpiga fidla mweupe. Inasimuliwa kwamba alipigwa vibaya kwa sababu mwanamke mweupe alimpa leso ajifute jasho, na hakupona sawasawa. Alifariki Pineville mwaka 1942. Kila mpiga kodiani ya Cajun leo, mweupe au mweusi, anatembea juu ya njia yake. Nikamtajia na Queen Ida, mwanamke mpiga kodiani wa zydeco, ili asidhani kodiani ni ya wanaume. Kisha nikarudi jukwaani nikapiga walsi moja ya Ardoin, na sijawahi kupiga vizuri vile.

Nilimtumia mjomba rekodi. Siku mbili kimya. Siku ya tatu akapiga simu.

"Nimesikiliza mara nne," akasema. "Beti ya pili umeacha mkono wa kushoto."

Nikasikiliza tena. Kweli, besi haipo. Wapigaji wengi huiacha, kwa kuwa gita na besi wanaijaza, na nilimweleza hivyo.

"Ijaze wewe," akasema. "Siku gita haliji, je?"

Jumamosi iliyopita mpiga gita alikwama kwenye treni, tukaanza bila yeye, na mkono wangu wa kushoto ulikuwepo.