Simu, Bando na Malipo ya Baadaye: Nilivyozipanga Gharama Zangu Nikiwa Lamu

Kazi yangu ni kushona kofia za mkono hapa Amu, yaani mji wa Lamu, pamoja na wadogo zangu wawili, na yeyote aliyewahi kuishi na mshonaji anajua jinsi pesa ya kofia inavyoingia. Miezi miwili au mitatu hupita kimya wakati kitambaa kinachorwa, kinatobolewa vitundu, na kila kitundu kinazungushiwa uzi. Kisha pesa yote huingia siku moja, mteja anapoipokea kofia yake. Gharama ya simu haina subira ya namna hiyo. Wateja wetu wengi wako Mombasa, Unguja na Muskati, na kila mmoja hutaka kuletewa picha ya kofia ikiwa bado iko kwenye sindano, kipimo cha kichwa kithibitishwe, na mara nyingine wazee wake wapigiwe simu wahakikishiwe bei. Simu inakula kila siku, nasi tunalipwa kwa misimu: kabla ya Idi, wakati wa Maulidi mji unapojaa wageni, na Disemba kwenye harusi na watalii. Baina ya misimu hiyo, hasa kusi linapovuma na bahari kuchafuka, mji mzima huwa na ukata.

Ni pengo hilo lililonifanya niziangalie kwa makini huduma za kutumia sasa na kulipa baadaye, kwa sababu zote zimewekwa kwa ajili ya mtu aliye katika hali kama yangu. Nilikaa na kalamu na karatasi nikaipigia kila moja hesabu kabla ya kuigusa, na ninapenda kueleza nilichokiona, maana ninaamini wengi wetu huangalia kiwango tunachopewa bila kuangalia kinachorudi.

Nilianza na salio la mkopo. Okoa Jahazi ya Safaricom hutoza ada ya asilimia 10, na ada hiyo hukatwa mwanzoni: ukiomba shilingi 50 unapokea 45, nawe unadaiwa 50. Kwa kweli, basi, unalipa shilingi 5 juu ya 45 ulizozitumia, ambazo ni zaidi ya asilimia 11, kwa deni linalotakiwa kulipwa baada ya siku chache. Tuseme mtu anakopa hizo 50 kila baada ya siku tano, mwaka mzima. Atakuwa amelipa ada ya shilingi 365, na salio lililokuwa mkononi mwake kila mara halikupita shilingi 45. Kumbuka pia kwamba salio lenyewe, hata likinunuliwa taslimu, tayari limebeba ushuru wa bidhaa wa asilimia 15 na VAT ya asilimia 16. Kwa mtu aliyekwama usiku na mgonjwa nyumbani, huduma hiyo ni msaada mkubwa na simlaumu anayeitumia. Kwa matumizi ya kila siku ya biashara, niliona haifai.

Kisha kuna mikopo ya M-Pesa yenyewe. M-Shwari ilianza Novemba 2012 na ada yake ilikuwa asilimia 7.5 kwa mkopo wa siku 30. Fuliza ilikuja Januari 2019, nayo humwezesha mtu kulipa hata kama pesa iliyomo kwenye akaunti haitoshi, kisha akatozwa ada kwa kila siku deni linapobaki. Ada hizo ninaweza kuzipima. Jambo lililonizuia ni namna Fuliza inavyolipwa: pesa yoyote inayoingia hukatwa deni kwanza, ije kutoka kwa nani na kwa sababu gani. Mteja wa Muskati anapoagiza kofia hututumia arubuni, na arubuni hiyo ni ya kitambaa na uzi. Si pesa yangu mpaka kofia itakapokamilika. Ikiwa nimeacha deni la bando kwenye akaunti, arubuni ya mtu italipa bando langu, nami nitabaki na oda bila uzi. Mwenye duka la samaki anayeuza na kupokea pesa kutwa huenda asiumie. Fundi anayepokea amana za watu lazima afikirie mara mbili.

Na kwa watu wa mji wetu liko suala la riba, ambalo si dogo na sikutaka kulipita kana kwamba halipo. Nilimwendea shekhe mmoja anayesomesha mtaani kwetu nikamweleza ninachotafuta. Alinifafanulia kwamba kuuza kitu kwa bei ya kulipa kwa vipande, hata kama bei hiyo ni kubwa kuliko ya taslimu, kunaruhusiwa na wanazuoni walio wengi, na kwamba Baraza la Kimataifa la Fiqhi, yaani la wanazuoni wa sheria ya Kiislamu, lililitolea uamuzi jambo hilo kwenye kikao chake cha Jeddah mwaka 1990. Masharti ni kwamba bei iwe moja na ijulikane siku ya mapatano, muda wa malipo nao ujulikane, na mnunuzi akichelewa asiongezewe hata senti. Maneno hayo yalinitosha kama dini, na nilipoyatafakari zaidi niliona yananitosha kama hesabu pia, kwa kuwa deni lisiloweza kukua ni deni ambalo mtu wa misimu anaweza kulipanga.

Kutoka hapo nilijiwekea kanuni moja: sichukui kwa kulipa baadaye kitu kinachokwisha kabla ya deni lake. Salio la shilingi 50 huisha jioni, na deni linaendelea hadi wiki ijayo. Simu yenyewe hukaa miaka, na deni lake linaweza kwisha ndani ya mwaka. Bando la mwezi na deni la mwezi vinakwenda sambamba.

Simu ndiyo iliyonihangaisha zaidi, kwa sababu ile ya zamani ilikuwa na kamera dhaifu, na kofia bila picha nzuri haiuziki mbali. Simu za kulipia kidogo kidogo si jambo geni Kenya: Julai 2020 Safaricom na Google walianzisha Lipa Mdogo Mdogo, ambapo mteja aliweka shilingi 1,000 kisha akalipa 20 kila siku, na baadaye kampuni nyingi zikaingia kwenye biashara hiyo. Simu niliyoitaka iliuzwa taslimu kwa shilingi 14,000. Kampuni moja iliniwekea masharti ya kutanguliza 3,000 na kulipa 50 kila siku kwa mwaka mmoja. Hamsini inasikika kama bei ya chai na mahamri, lakini mara 365 ni 18,250, na ukiongeza kitangulizi inakuwa 21,250. Bei hiyo haikunitisha kuliko lile neno "kila siku", kwa sababu sina pesa ya kila siku.

Nilikuwa nimeshaona linalotokea malipo yanapokatika. Jirani yangu ana mashua ya kubeba abiria baina ya mji na Shela, naye alichukua simu ya aina hiyo wakati wageni ni wengi. Kusi lilipoingia na wageni wakapungua, siku chache zilipita bila malipo na simu ikafungwa kutoka mbali. Aliileta kwangu tuitazame. Kioo kizima kilikuwa na kiasi anachodaiwa na maelezo ya kulipa, basi. Namba za wateja wake, picha za mashua, ujumbe wa hoteli inayompa abiria, vyote vilikuwa mle ndani na hakuna kilichofunguka. Kitu ambacho kingemletea pesa ya kulipa deni kilikuwa kimefungwa kwa sababu ya deni. Najua kampuni inahitaji dhamana, lakini ratiba ya kila siku kwa mtu ambaye kazi yake hufuata upepo ni ratiba isiyomtazama mnunuzi hata kidogo.

Kwa hiyo nilikwenda kwa mzee mwenye duka la simu, ambaye huuza pia salio na ni wakala wa M-Pesa. Tumejuana tangu nikiwa mdogo, nami humwita Ami.

"Ami," nilimwambia, "nataka simu hii kwa vipande. Nitajie bei moja, na tukishaiandika isibadilike."

"Na ukichelewa, mwanangu?"

"Nikiona nitachelewa nitakuja mwenyewe kabla ya siku kufika. Lakini bei isipande."

Alinyamaza kitambo, akafungua daftari lake. Tulikubaliana shilingi 16,500: nikatanguliza 4,000, na zilizobaki 12,500 zikagawanywa vipande vitatu, yaani 5,000 baada ya Idi, 5,000 baada ya Maulidi na 2,500 Disemba. Hatukuandika "baada ya Idi" peke yake. Tuliandika tarehe, kwa sababu shekhe alisisitiza muda ujulikane, na mimi mwenyewe sikutaka tubishane juu ya "baada" inaishia lini. Ami aliandika kwenye daftari lake, mimi nikaandika kwenye langu, na kila mmoja akatia saini kwa mwenziwe. Faida yake ya 2,500 niliiona ni halali na ya haki, kwani pesa yake ilikaa kwangu muda mrefu. Nikilinganisha na ile ya kampuni, nilibakiwa na shilingi 4,750, na hakuna kufuli.

Bando lilikuja baadaye na, kusema kweli, ndilo lililobadilisha mwezi wangu kuliko simu. Zamani tulikuwa tukinunua bando la shilingi 50 kila siku, ambalo kwa mwezi ni 1,500, wakati bando la mwezi mzima lililotutosha lilikuwa shilingi 1,000. Tulikuwa tunalipa zaidi kwa sababu moja tu: hatukuwa na elfu moja kwa mkupuo. Nilimwomba Ami atutumie bando la mwezi siku ya kwanza, aandike, nami nimlipe elfu ile ile kabla mwezi haujaisha. Aliponiuliza yeye anapata nini, nilimjibu kwamba nyumba yetu yote, na kina mama wa chama chetu, tutanunua salio na kufanya miamala dukani kwake, hivyo kamisheni yake itaongezeka. Alikubali kwa masharti kwamba mwezi usiolipwa hauna bando jipya juu yake, na sharti hilo ninalithamini, kwa sababu linazuia madeni kupandana.

Ili makubaliano hayo yasimame, nilibadilisha mambo mawili upande wangu. Kwenye bei ya kila kofia sasa mna fungu la simu, na fungu hilo ninalitoa siku ile ile pesa inapoingia kabla ya kununua chochote. Arubuni za wateja nazo nimeziwekea laini nyingine ya M-Pesa, ambayo haina mkopo wa aina yoyote, ili zisichanganyike na pesa ya nyumba. Mdogo wangu alilalamika mwanzoni kwamba kushika laini mbili ni usumbufu. Sasa ndiye anayewakumbusha wateja ni namba gani ya arubuni.

Najua si kila mtu ana Ami. Aliye mbali na duka la kuaminika atalazimika kuingia mkataba na kampuni, na huyo ningemwomba ajue haki zake. Kanuni za Benki Kuu ya Kenya za mwaka 2022 kuhusu wakopeshaji wa kidijitali zinawakataza kutumia orodha ya namba zilizo kwenye simu yako kuwasumbua jamaa na marafiki kwa sababu ya deni lako. Marekebisho ya sheria ya mwaka 2024 yaliwaingiza pia wanaouza kwa mtindo wa kulipa baadaye chini ya leseni ya Benki Kuu, na majina ya waliopewa leseni hutangazwa. Kuyatazama kabla ya kutia saini hakuchukui muda. Muulize muuzaji jumla yote kwa shilingi, usikubali kutajiwa ya siku peke yake. Muulize kama unaweza kulipa kwa wiki au kwa mwezi, na simu ikifungwa itafunguka baada ya muda gani tangu ulipe. Ukimaliza deni, dai uthibitisho wa maandishi na uhakikishe programu ya kufuli imeondolewa, hasa kama unafikiria kumpa mtu mwingine simu hiyo.

Kipande cha mwisho cha simu yangu kimeshalipwa na Ami amepiga mstari juu ya jina langu. Kijana wangu sasa anaanza chuo Mombasa na anahitaji simu ya kusomea. Tumeshakwenda dukani, bei imeandikwa, na safari hii kipande cha kwanza tumekiweka wiki mbili baada ya Maulidi, kwa kuwa wageni wengine hulipia kofia zao wakishafika kwao.