Jinsi nilivyotatua besi iliyokuwa ikikatika katika wimbo wa tambiko

Nilitunga wimbo wa kumsimika kiongozi kwa ajili ya mchezo wa redio, ambao wahusika wake ni watu wa milimani niliowabuni mwenyewe pamoja na lugha yao. Muundo niliuazima Georgia, kwenye milima ya Kaukazi, ambako uimbaji wa sauti kadhaa, uliotambuliwa na UNESCO mwaka 2001, mara nyingi huegemea besi moja ndefu, yaani noti moja ya chini inayoshikiliwa bila kukatika.

Besi hiyo ndiyo iliyotuangusha. Waimbaji wanne walivuta pumzi kwa pamoja mwishoni mwa kila mstari, pengo la ukimya likaingia, na walipoanza tena walikuwa wameshuka karibu nusu toni. Kwanza niliwalaumu wao, kumbe kosa lilikuwa langu, kwa kuwa niliwaandikia silabi «okh», ambayo konsonanti yake ya mwisho hukwaruza koo na kumwaga pumzi bure.

Niliibadilisha kuwa «wo» (lugha ya kubuni ina faida yake: hakuna mzee wa kukukemea), kisha nikampa kila mmoja mahali pake pa kuvuta pumzi, katikati ya mstari na kamwe si mwishoni, naye arejee kwa sauti ndogo kabla ya kuikuza. Niliwapanga pia katika nusu duara ili wasikilizane. Jaribio la tatu lilifika ubeti wa mwisho bila pengo, na kinanda kilipobonyezwa, noti ilikuwa ileile tuliyoanza nayo.