Kumbukumbu ya mradi: taa nane zilizonidanganya

Jumamosi

Nimechoka na kebo za mtandao zilizotengenezwa tayari. Ama inapungua nusu mita, ama inabaki ndefu na kujiviringisha nyuma ya meza kama chatu. Kwa hiyo nina boksi la Cat5e (kebo ya mtandao yenye nyaya nane ndani), mfuko wa vichwa vya RJ45 (plagi za plastiki za kwenye ncha za kebo), koleo la kubania, na testa ndogo ya taa nane.

Kichwa cha kwanza kimekula karibu nusu saa. Kuchuna ganda la nje si kazi. Kazi ni kuzinyoosha nyaya nane zilizozoea kusokotana, kuzipanga, kisha kuzibana kati ya kidole gumba na cha shahada huku unazikata zilingane. Ukilegeza kidogo tu, wa kahawia unaruka. Nikazipanga jozi kwa jozi: chungwa, kijani, bluu, kahawia, pande zote mbili vilevile. Testa ikawaka moja hadi nane bila kuruka hata taa moja. Nimelala fundi.

Jumapili

Ufundi umeisha asubuhi. Kebo ina mita 15, na vifaa vya pande zote mbili ni vya gigabiti (megabiti 1,000 kwa sekunde), lakini muunganisho unashika megabiti 100, tena unakatika na kurudi. Nimebadilisha vichwa mara mbili kwa mpangilio uleule, ugonjwa uleule. Nikalilaumu koleo. Nikavilaumu vichwa. Testa sikuilaumu, maana taa zote zilikuwa zinawaka!

Kumbe kosa liko kwenye mpangilio. Kichwa kina pini nane, moja kwa kila waya: pini ya 1 na 2 ni jozi, 4 na 5 ni jozi, 7 na 8 ni jozi, lakini 3 mwenzake ni 6. Mimi kijani nimekiweka 3 na 4, bluu 5 na 6. Maana yake ishara iliyotakiwa kupita kwenye nyaya mbili zilizosokotwa pamoja imepita kwenye mmoja wa kijani na mmoja wa bluu, ambao hawajuani. Na msokoto ndio kinga yenyewe: kelele ikiingia inazipiga nyaya zote mbili karibu sawa, na kifaa cha mwisho kinasoma tofauti kati yao tu, hivyo kelele inajifuta. Tenganisha jozi, kinga imekwenda.

Testa yangu haiwezi kuliona hilo. Inachouliza ni kama umeme ulioingia 3 umetokea 3. Umetokea, basi, taa.

(Kwenye mpangilio sahihi, bluu kukaa katikati, 4 na 5, na jozi nyingine kuizunguka ni urithi wa simu za mezani: laini ya simu ilikaa kwenye pini za kati.)

Jumanne

Nimeanza upya kwa T568B, mpangilio wa rangi unaokubalika, nimeiandika kwenye karatasi na kuibandika mbele yangu: nyeupe-chungwa, chungwa, nyeupe-kijani, bluu, nyeupe-bluu, kijani, nyeupe-kahawia, kahawia. Usiku chini ya taa ya njano, nyeupe-chungwa na nyeupe-kahawia ni mapacha. Sasa napanga mchana.

Msokoto nafungua usiozidi milimita 13. Nimepima kwa iperf3, programu ya kupima kasi ya mtandao: megabiti 940 na ushee kwa sekunde, dakika kumi mfululizo, bila kukatika. Kebo ileile, vichwa vya mfuko uleule.

Alhamisi

Kebo ya tatu: taa ya 6 inawaka nikiishika, nikiiachia inazima. Nimekitazama kichwa kwa mbele, pale kwenye plastiki angavu. Ncha saba za shaba zinang'aa kwenye ukuta wa mbele wa kichwa, ile ya 6 imeishia njiani. Tangu hapo sibani kabla sijazihesabu ncha. Na ganda la nje lazima liingie ndani ya kichwa, libanwe na kile kidole cha plastiki, la sivyo mvuto wote unabebwa na nyaya nyembamba.

Kipande nilichopewa bure kimenitia shaka: nyaya zake zinakatika ukizikunja mara mbili tatu. Nimekwangua mmoja kwa kisu, ndani ni mweupe. Alumini iliyopakwa shaba. Nimekitumia kufungia masanduku.

Jumamosi tena

Kebo saba zinafanya kazi, vichwa 11 viko kwenye pipa. Cha mwisho kimechukua dakika sita. Kinachofuata ni soketi ya ukutani, yenye rangi za A na B (T568A na T568B, mipangilio miwili inayokubalika) zimechapwa ubavu mmoja, juu na chini. Nimeshaizungushia B wino mwekundu.