Rufaa ya Kesi ya Mali Huanza na Kalenda

Kila ninapoombwa kusoma hukumu ya mgogoro wa nyumba au kiwanja, jambo la kwanza ninalolitazama ni tarehe iliposomwa, wala si hoja za hakimu. Muda wa rufaa hausubiri hasira zipoe. Nchini Kenya, rufaa ya kesi ya ardhi kutoka mahakama ya hakimu kwenda Mahakama ya Mazingira na Ardhi hukatwa ndani ya siku 30, ilhali nchini Tanzania uamuzi wa Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, katika shauri lililoanzia hapo, hukatiwa rufaa ndani ya siku 45. Aliyechelewa anaweza kuomba aongezewe muda, ila atadaiwa sababu za msingi, na “nilikuwa nikitafuta wakili” mara nyingi haitoshi.

Wengi hukwama kwenye sababu za rufaa. “Sikutendewa haki” ni malalamiko tu. “Hakimu alikosea kwa kutokuzingatia kielelezo P2, yaani mkataba wa mauzo uliosainiwa na pande zote mbili” ni sababu ya rufaa, kwa kuwa inaonyesha kosa na mahali lilipo. Ushahidi mpya nao haupokelewi kwa kubembeleza.

Kinachoumiza zaidi, kwa maoni yangu, ni kwamba kukata rufaa peke yake hakuzuii utekelezaji wa hukumu. Mrufani asiyeomba zuio anaweza kushinda rufaa yake huku nyumba ikiwa imekwisha kupigwa mnada.