Bundi wa mgunga wetu: nilivyomjua kwa kuhesabu kimya

Miezi miwili nimeambiwa ni chura. Sauti yenyewe huanza giza likishashika, hapa kwetu Hombolo: "prruu", fupi, ya mtetemo, kisha kimya. Jirani akasema ni nyenje. Baba mdogo alikubali kwamba ni bundi, ila akataka nimpige mawe kabla hajatuletea msiba. Ushauri huo uliniuma sana.

Kosa langu lilikuwa tochi. Siku tatu usiku nilimfuata nayo. Sauti yake inahadaa: unasimama chini ya mti unaodhani yumo, inatokea nyuma yako. Ukimulika, ananyamaza. Siku ya nne nikaiacha tochi ndani, nikakaa kwenye kigoda, simu mkononi, nikahesabu kimya kati ya mlio na mlio. Sekunde 6. Kisha 7. Kisha 5, 6, 6. Hivyo hivyo kwa karibu nusu saa! Vyura wa bwawani hupokezana ovyo, na nyenje akianza hapumziki. Huyu anatulia, anarudia ileile, haipandi wala haishuki.

Hapo nikamwondoa na yule bundi mdogo mwingine wa madoa meupe. Yule hupiga miluzi mfululizo inayopanda, halafu ikashuka ikififia. Mchana hajifichi sana, na wale ndege wadogo waitwao chozi humzonga wakimpigia kelele. Kichwa chake ni mviringo, na kisogoni ana madoa mawili meusi kama macho.

Asubuhi nikapita chini ya mgunga nikaokota vidonge vikavu, yale mabaki ya chakula ambayo bundi huyatapika. Nikavipasua kwa kijiti: miguu ya panzi, magamba ya mbawakawa. Nikainua uso. Nilikuwa natazama kisiki cha tawi lililovunjika, ila kisiki kina ncha mbili juu. Masikio ya manyoya! Amejinyoosha, amejibana kwenye shina, macho kayabakiza mstari tu, kijivu chenye michirizi kama gome lenyewe. Hafiki shubiri. Wataalamu humwita Otus senegalensis. Ukimpata wako, usimchezee milio ya kurekodi kila usiku. Ataacha kuwinda akimtafuta mgeni asiyekuwepo.

Jumapili nikamwita baba mdogo.

"Baba, tazama pale."

"Wapi? Naona kisiki."

"Ndiye huyo."

Akakaza macho muda mrefu. "Anakula nini?"

"Panzi."

"Hawa hawa wa mtama wangu?"

"Hao hao, baba."

Mawe hajayataja tena.