Yule dada wa Milwaukee hanitoki kichwani

Jana usiku nilikuwa nacheki dokumentari za mauaji, ndo ugonjwa wangu wa wikiendi, nikajikuta hata muuaji simfuatilii tena, namwangalia tu mama wa marehemu kakaa kwenye kiti na picha ya mwanae mapajani, na mtu nyuma ya kamera anamuuliza eti ulijisikiaje siku ile. Jamani! Ulitaka ajisikieje?

Nikakumbuka ile sirizi ya Netflix ya 2022 kuhusu Jeffrey Dahmer, yule aliyeua watu 17. Dada wa mmoja wa marehemu alimlipukia mahakamani kule Milwaukee, Marekani, 1992, uchungu wa kweli kabisa ule, miaka 30 baadae anakuja kuona muigizaji kavalishwa kama yeye anarudia maneno yake yale yale, na mwenyewe akasema hakuna aliyemtafuta kumuuliza chochote. Yani hata simu tu.

Sisemi familia zisitokee. Mamie Till, mama mmoja Mmarekani mweusi, mwanae Emmett wa miaka 14 aliuawa Mississippi 1955, aliamua mwenyewe jeneza liachwe wazi watu waone alivyofanywa mwanae, akaendelea kusimulia kisa hicho mpaka uzeeni. Alifariki 2003, mwaka uliofuata serikali ya Marekani ikaifungua tena ile kesi. Ila ona, ni yeye aliyeamua.

Kwetu zamani hata msibani ulikuwa hutoi kamera bila kuwauliza wafiwa (siku hizi mmh, tuache tu).

Episodi nimeiacha katikati, sijui kama ntaimalizia.